Nilivyokwenda Bawshar bila Kuitwa

Mmeniuliza mara tatu safari ilikuwaje, na mara tatu nimekujibuni "Alhamdulillahi, salama," kisha nikageuza maneno nikauliza bei ya samaki. Juzi nimesikia mnasema Hamza karudi kabadilika, hana mazungumzo. Si kweli. Mazungumzo nnayo tele, ila ni ya kuonea haya, na mie mambo ya haya nnayaweza kwenye karatasi kuliko kwenye uso wa mtu. Basi someni, mnicheke kwa pamoja, tumalize.

Mnajua kuwa mama yangu, Bi Zayana, aliondoka Unguja mwaka wa sitini na nne, tulipotawanyika, akapelekwa Maskati pamoja na wengine walioambiwa kwao ni huko. Mie nilibaki, kwani Zuhura mke wangu alikuwa na mimba ya miezi saba, na baadaye tukavuka kuja Mombasa. Msilolijua ni maneno aliyoniambia mama gatini siku ile. Aliniambia, "Usinifuate mpaka nikwite." Nikamjibu, "Nimefahamu, mama."

Akenda zake, na miaka sita hakuniita. Kila baada ya miaka miwili hivi hupita msafiri aliyetokea huko, akaniletea halua na salamu: hatujambo, tuko kwa kheri, usijisumbue. Na mie sikujisumbua. Moyo ukiniuma, nikitamani hata kukohoa kwake nikusikie, lakini sikuitwa. Mwisho nikaanza kuona kuwa mama kaamua kuishi bila ya mie. Mwaka huu wa sabini, aliposhika Sultani mpya huko Maskati na mlango wa nchi ukafunguka, nikashindwa kuvumilia. Nikaamua kwenda bila kuitwa, nimuulize kwa mdomo wangu kama bado ananitaka. Hiyo ndiyo haja iliyonipeleka, hapakuwa na nyingine.

Mombasa mpaka Karachi

Namna nilivyoipata nafasi ya meli nitaiacha, ni khabari ya foleni na mihuri. Meli ilikuwa ya mizigo, ya Kijapani, imeshusha mabati hapa na inakwenda Karachi, Maskati na Kuweti. Nilipandishwa kama msaidizi wa jikoni. Fundi wa cherehani mzima, mikono imezoea sindano na bobini, nikakabidhiwa ndoo ya viazi.

Mpishi alikuwa mzee Okada, mfupi, taulo kalifunga kichwani, Kiingereza chake kidogo na changu hakikukizidi. Kila akishanionyesha jambo huniuliza, "Wakarimashita ka?" Siku ya kwanza tu niling'amua kuwa ananiuliza nimefahamu au vipi. Jibu lake ni kitenzi kile kile, wakarimashita, yaani nimefahamu. Mabaharia wanakitumia kutwa. Mkubwa akiagiza, mtu anainamisha kichwa, wakarimashita, anakwenda kufanya. Nikasema moyoni, hawa watu wana adabu kama zetu.

Nyinyi mmelelewa kama nilivyolelewa mie. Mkubwa akikwita unaitika "naam" kabla hujajua unaitiwa nini. Akikueleza, unasema nimefahamu. Mtoto wa kuuliza "vipi?" anaitwa mjuvi, na kumwambia mkubwa "sikufahamu" ni sawa na kumwambia hajui kusema. Mzee Okada kanizidi miaka ishirini na zaidi. Basi lolote atakalolisema, mie wakarimashita, mkono kifuani.

Siku ya pili alinionyesha wali wao. Mchele ukoshwe mpaka maji yatoke safi, chumvi hapana, mafuta hapana, mfuniko usifunuliwe. Wakarimashita. Alipotoka nikatia chumvi, nikafunua mara nne kuangalia, na kwa huruma yangu nikaongeza na hiliki mbili. Mabaharia walikula kimya. Mmoja aliitoa hiliki mdomoni akaitazama kama jino lililong'oka. Mzee akanieleza upya kutoka mwanzo, na mie nikamjibu upya vile vile.

Jambo moja tu tulifahamiana mara moja. Nilipomwambia sili nguruwe, hakuniuliza kwa nini, na tokea siku ile samaki wangu aliwekwa mbali kwenye kisufuria chake. Pia alinionjesha kitunda chao chekundu, kikali, cha chumvi, wanachokitia katikati ya tonge la wali. Kilinitoa machozi. Nilikumbuka achari ya mbirimbi ya mama, ile anayoianika juu ya paa na kutukataza kuigusa, nikaomba kitunda cha pili.

Nanga ya Karachi

Nje ya Karachi tulitia nanga siku sita, tunangojea zamu ya kuingia. Joto, kunguru, na harufu ya mafuta. Nilikuwa nimembebea mama nazi sita, na pale pale mbili zikaoza. Kila siku iliyopita niliihesabu kuwa imetolewa katika siku zangu za kukaa na mama, nikawa na hasira na kila mtu, hata na nanga.

Siku ya nne mzee Okada aliniachia sufuria kubwa ya maji, ndani yake mna majani ya bahari, mapana, meusi, akanieleza kwa kirefu sana. Mie niliona ni majani yale yale wavuvi wetu wanayoyakung'uta kwenye nyavu. Nikasema wakarimashita. Alipokwenda kujinyoosha nikayamwaga yote baharini, maji na majani, nikaisugua sufuria mpaka ikang'ara, nikakaa kungojea sifa.

Kumbe yale maji ndiyo supu. Ndiyo yanayotiwa katika kila chakula chao, na majani yenyewe yalikuwa yanakaribia kwisha. Mzee aliitazama sufuria muda mrefu. Hakupiga kelele. Aliketi juu ya gunia la mchele akaniambia kwa Kiingereza chake cha kuokoteza kuwa lile neno nauambia uso wake, sufuria siiambii kitu.

Kisha akanishika mkono tukapanda juu. Mnyapara wa mizigo alikuwa anampa maagizo mtu wa winchi. Yule mtu akajibu wakarimashita, halafu akayarudia maagizo yote, moja moja, na alipokosea akasahihishwa, akarudia tena. Hapo ndipo akashika mtambo. Mzee akanigeukia. Ndivyo kazi inavyokwenda hapa, akanifahamisha, na asiyefahamu anasema wakarimasen, sifahamu, akaelezwa tena. Asiyesema, mzigo unamwangukia mwenzake kichwani.

Neno hilo la pili lilinikaa kooni siku nzima. Kesho yake alinionyesha namna ya kumchana samaki kwa mifupa yake, nikaangalia chini nikasema wakarimasen, nikangojea kutukanwa. Mzee akachukua samaki mwingine, akaanza tena polepole. Basi, yakesha. Mie na ndevu zangu hizi ndiyo mara ya kwanza kumwambia mkubwa kuwa sikufahamu, na hapana kilichovunjika.

Lakini nilipotoka nje kupunga upepo niliingiwa na khofu ambayo sikuwa nayo nilipoondoka Mombasa. Siku ile gatini nilimwambia mama nimefahamu. Nilifahamu nini? Angeliniambia yarudie maneno yangu, ningeliyarudia yote. Kasuku pia angeliweza. Kwa nini aliyasema, na alitaka nifanye nini, sikumuuliza. Na miaka sita ilikuwa imekwisha pita juu ya jibu langu.

Matrah

Maskati meli haifiki gatini. Inasimama mbali, watu na mizigo wanateremshwa kwa tishari mpaka ufukwe wa Matrah. Milima imesimama nyuma ya nyumba, mikavu, haina jani. Mzee Okada aliniaga kwa kunipa kikopo cha vile vitunda vyekundu. Nilitaka kumwambia mengi, lakini Kijapani changu kilikuwa maneno mawili tu, yote ya kitenzi kimoja, na hakuna hata moja lililofaa kwa kuagana. Nikamshika mkono kwa mikono yangu miwili.

Sokoni nilimuuliza mwenye duka njia ya Bawshar kwa Kiarabu changu cha chuoni, cha msahafu. Alinisikiliza mpaka mwisho, akamwita mwenzake aje amsikie khatibu. Mwenzake akaja, akanitazama kanzu na kofia, akaniuliza kwa Kiswahili cha Pemba, "Weye wa wapi, yakhe?" Nilitamani kumkumbatia. Jina lake Khamis, kazaliwa Wete, ana Landrova kuukuu anayochukulia mizigo. Alinikalisha, akaninywesha kahawa na tende, akanambia gari linakwenda Bawshar sasa hivi.

Sasa hivi ilikuwa kesho yake adhuhuri. Kwanza tulingojea tairi, halafu mwenye mchele, halafu bibi mmoja aliyeng'ang'ania kuwa redio yake mpya haipandi juu ya magunia. Mwisho redio ilikaa mbele, juu ya mapaja ya bibi, na mie nikakaa nyuma na mbuzi.

Njia ya Bawshar

Njia yenyewe ni mchanga na mawe, na upande wa Khuwair tukakwama. Tulichimba magurudumu kwa sahani za bati, bibi anatuongoza kutoka kivulini bila ya kuiacha redio yake. Tulipopumzika Khamis akaniuliza nani nnaye huko.

"Mama," nikamwambia.

"Anajua kama unakuja?"

"Hajui. Hajaniita."

Akafuta jasho kwa kilemba. "Wangu alikuwa Wete," akasema. "Hakuniita hata siku moja, mpaka kafa. Sijui kama mama huita."

Tukasukuma gari likatoka.

Bawshar

Tulifika alasiri. Bawshar ni mashamba ya mitende chini ya mlima, na maji ya mfereji, falaji wanauita, yanapita baina ya nyumba. Wanawake walikuwa wanakosha vyombo mferejini. Mmoja alikuwa na kanga. Sikuhitaji kuuliza.

Alinyanyua uso, akanitazama, rangi ikamtoka. "Nani kafa?" akauliza.

"Hajafa mtu, mama. Shikamoo. Nimekuja mie tu."

Nikambusu mkono, na mkono ule ulikuwa umekauka, umekuwa mwepesi. "Marahaba," akasema, "umekonda," akabeba vyombo vyake akatangulia mbele. Nyuma yake nilimwona anajipangusa uso kwa ncha ya kanga, lakini aliponigeukia mlangoni alikuwa anauliza kama nimeshakula.

Anakaa kwa jamaa za baba yake, watu wema, wanamheshimu. Ila wanamwita Zinjibaria, yaani mtu wa Unguja, na Kiarabu chake kinawachekesha mpaka leo. Alikuwapo mwanamke mmoja wa kusema naye Kiswahili, naye kahamia Dubai. "Sasa nasema na kuku," mama akanambia. "Nisiposema ulimi utakufa." Nilidhani mzaha. Asubuhi nikamsikia uani akiwagombeza kwa Kiunguja safi kabisa, mmoja mmoja, kwa majina ya majirani zetu wa zamani. Nilirudi ndani nikajifunika shuka.

Kilichonichoma zaidi ni kuwa kila aliyekuja kunitazama aliambiwa, "Kapita tu, yumo safarini kwenda Kuweti." Sikuwa nimetaja kwenda Kuweti hata kidogo. Siku ya kwanza, ya pili, ya tatu, nimepita tu. Nikaona jawabu nimeshalipata, sina haja ya kuuliza. Nikaanza kumwulizia Khamis atapita lini.

Siku ya nne, baada ya alasiri, alikuwa anapeta mchele na mie nnakuna nazi katika zile nne zilizosalimika. Tulikuwa peke yetu. Nikaliacha jina la Mungu litangulie, nikasema.

"Mama, ile siku gatini uliniambia nisikufuate mpaka uniite."

"Nilisema."

"Nikakujibu nimefahamu."

"Ulinijibu."

"Sikufahamu, mama. Mpaka leo sijafahamu. Nifahamishe."

Ungo ukasimama mkononi mwake. Nilijua nimemvunjia adabu, nikangojea. Yeye akawa anaangalia mchele, si mie.

"Ulikuwa umeishika ngazi ya meli," akasema. "Mkeo nyuma yako, tumbo lile. Nikaona huyu mtoto atapanda, atamwacha mwenzake. Nikasema neno la kukuteremsha. Neno la siku ile, Hamza. Nani kakwambia ulishike miaka sita?"

"Basi ungeniita."

"Nikwite wapi? Nchi haikuwa na kazi, haina spitali, akiingia mtu kutoka ni taabu. Nikwite ili mie roho yangu itulie, na weye wanao wapate dhiki? Mama hamwiti mwanawe kwenye shida. Hukaa akamngojea." Kisha akanitazama kwa hasira ya kweli. "Na nikakwita kwa adabu yangu, hukuja. Mabakuli yangu matatu umeyafanya nini?"

Hapo, jamaa zangu, ndipo niliponyong'onyea. Halua ya kule hutoka dukani ndani ya kopo au kifumba cha ukuti. Ya mama ilikuja kila mara ndani ya bakuli la kaure, jeupe, lina maua ya buluu ukingoni. Mabakuli hayo alitoka nayo Unguja, kayazonga ndani ya kanga, hana kingine cha maana. Na nyote mnajua: sahani ya mtu hairudi tupu, na haikai. Jirani akikuletea futari, sahani yake unaipeleka kwa mkono wako, na kitu ndani. Zuhura aliwahi kunikumbusha. Nikamwambia chombo kilichovuka bahari nzima, nani atakirudisha?

"Yamo kabatini," nikasema.

"Yote matatu?"

"Yote. Zuhura huyafuta vumbi kila Ijumaa."

Mama akacheka, akacheka mpaka ungo ukamponyoka na mchele ukamwagika mkekani, na tulipoinama kuuokota nikaona analia, hacheki tena. Mie nilikuwa nimeanza kabla yake.

"Kila gari likija nilikuwa nikinyanyuka," akasema. "Najifanya nakwenda mferejini. Nikasema mtoto kanichoka, kapata wakwe wema, kanisahau. Siku uliyokuja nikawaambia watu unapita tu, ili ukiondoka wasinionee huruma."

"Na mie nilisema umenichoka weye."

"Wajinga wawili," mama akasema, "na mmoja kamzaa mwenziwe."

Nilikaa wiki tatu. Aliwapikia jamaa samaki wa nazi, wakala kwa adabu na kubakisha, akafurahi kwa kuwa kilichobaki tulikimaliza sisi wawili. Vile vitunda vya mzee Okada alivila kimoja kimoja, kila baada ya chakula, macho kayafumba. Aliniuliza habari za nyumba yetu ya Unguja, nani anakaa, na mbirimbi wa uani kama bado upo. Nilimwambia sijui. Hilo pia lilikuwa gumu kusema, lakini nililisema.

Matrah tena

Siku ya kuondoka alitaka kunisindikiza. Jamaa walishangaa, maana tokea aletwe Bawshar hakutoka. Akapanda Landrova, akakaa mbele pale pale alipokaa bibi wa redio, na njia nzima akazungumza na Khamis habari za Wete na Unguja, sauti juu, bila ya kupumua. Khamis aliendesha polepole kuliko siku zote.

Ufukweni tishari ilikuwa inajaa. Wachukuzi wanapita na magunia, watu wamesimama. Nilimbusu mkono, nikangojea dua yake, ile ya kila mama. Hakuniombea. Aliishika mikono yangu yote miwili.

"Hamza."

"Naam."

"Nnakwita." Alilisema kwa sauti juu, wachukuzi wawili wakasimama kumtazama. "Njoo na mkeo na wanao. Sasa kazi zipo, wanataka mafundi, lakini hata zisingelikuwapo ningelikwita. Nnakutaka ukae na mie. Nimeshazeeka, na siwezi tena kungoja kwa adabu."

Nilimwambia ntakuja. Akaniuliza lini. Nikamwambia nikifika tu nafunga mizigo, na hakuniachia mikono mpaka mwenye tishari alipotupigia kelele.

Mombasa

Kwa hivyo khabari yenyewe ni hii: tunahama. Zuhura ameshaanza kufunga vyombo, na chumba cha cherehani nimemwachia mwanafunzi wangu. Nilikuwa naogopa kukwambieni uso kwa uso, kwa sababu mji huu ulinipokea sina hata kanzu ya pili, na nyinyi mlionikalisha baina yenu siku ya kwanza bila ya kuniuliza nimetoka wapi, nakuacheni kwa furaha ya kwenda kwa mama, na moyo unanikatika vile vile. Kule nitasema Kiswahili na mama, na watoto, na Khamis akipita. Sitakuwa na wa kunibishia.

Meli inaondoka Ijumaa ijayo. Njooni nyumbani kabla ya hapo, nyote, mkae mpaka mchoke. Nnakutakeni.